Kiti cha Plastiki Msibani kwa Mama

Mama alifariki alfajiri, mimi nikiwa melini naja kumuuguza. Nilipofika Micheweni nilikuta ua umejaa wanawake waliokaa kwenye mikeka. Mama mdogo, nduguye marehemu, alinikumbatia mlangoni, kisha akaagiza niletewe kiti.

Kiti chekundu cha plastiki, kimoja tu katika ua mzima. Nilikichukia tangu nilipokiona. Msibani wafiwa hukaa chini. Kiti hupewa mgeni wa heshima, au mtu mwenye magoti mabovu. Magoti yangu mazima.

Nilitaka jambo moja tu, kumkosha mama yangu kabla hajavishwa sanda. Mama hukoshwa na binti zake, na alizaa binti mmoja, mimi. Baba alipomwacha alinichukua, ningali mdogo, akanipeleka Tanga kwa shangazi. Sikuondoka, nilichukuliwa. Lakini wale wanawake walinitazama kama niliyeikimbia nyumba ile kwa miguu yangu. Wakisemeshana wao kwa wao, maneno yalikwenda mbio. Wakinigeukia mimi, walipunguza mwendo na kuongea Kiswahili cha taarifa ya habari. Wanasema mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe. Mimi jembe nililiomba siku ya kwanza, wakaninyima.

Ndoo za maji zilipoingizwa chumbani, niliinuka. Mama mdogo akanishika mkono. Aliyekuwa akiingia ni msichana wa jirani, aliyelima mwani pamoja na mama na kumuuguza mpaka mwisho. Nikasema mimi ndiye mwanawe.

"Mwana ni aliyekuwa akimgeuza kitandani," alisema mama mdogo, kwa upole kabisa. "Weye kaa kitako, mwanangu. Safari imekuchosha."

Nikakaa. Nyuma ya pazia nilisikia maji yakimwagika juu ya mama yangu, na hasira ikanijaa hadi masikioni. Nikaletewa chai.

Wanaume walipokwisha kulichukua jeneza, wanawake walianza kutoa mikono ya pole. Walimwendea mama mdogo, wakamwendea yule msichana, wakalia naye. Kwangu walipita kuniuliza hali ya Tanga. Mwishowe msichana mwenyewe akaja, macho yamevimba, mikono inanukia kafuri, akaniambia taratibu, kwa Kiswahili cha shule:

"Ahsante kwa kuja kutuzikia mama yetu, dada."

Nilikuwa na mengi ya kumwambia, mengine machafu. Nikampa mkono, nikamwambia, "Poleni."