Siku Tatu za Mke Wangu Melini

Nna wivu na meli. Nalisema mapema ili anayetaka kucheka acheke sasa, kisha tuendelee. Watu huona wivu kwa wanaume wenzao, au kwa jirani aliyejenga ghorofa. Mie wivu wangu ni kwa chombo cha chuma ambacho kimeshakatwakatwa zamani, na labda nondo zilizofanywa kwa chuma chake ndizo zilizomo ndani ya kuta za nyumba yangu hapa Ghubra, Maskati.

Haya nayaandika daftarini kwa herufi za Kiarabu, kwa kuwa skuli sikupelekwa. Nilipelekwa chuoni tu, nikahitimu Kurani, basi. Herufi za kizungu sizijui. Mjukuu wangu wa kike ndiye anayeyageuza na kuyapiga kwenye kompyuta, na nimemwambia asinisahihishe. Hili la herufi liwekeni akilini, mtalikuta mbele.

Mke wangu alikuja Maskati kwa meli ya Waingereza. Walitoka Unguja, yeye na baba yake na wadogo zake, wakafika Karachi, wakakaa kwa jamaa, kisha wakapanda meli nyengine iliyokuwa ikipita miji ya Ghuba mmoja mmoja kama mchukuzi wa barua. Ya kwanza haisemi kabisa. Ya pili ndiyo anayoisema. Na ya pili alikaa siku tatu. Siku tatu! Mie nimekaa naye miaka hamsini na kitu, tumezaa sita, tumezika mmoja, nimempeleka Makka mara mbili, na zile siku tatu zinanishinda.

Kila jambo linarudi melini. Chai ikiwa nyepesi, "Melini ilikuwa nzito, kijiko kinasimama." Shuka zikitoka kwa dobi, "Melini zilikuwa zimenyooka kama karatasi." Siku moja nimemnunulia kiti cha kukaa uani, cha kujilaza, ghali. Akakaa, akafumba macho, mie nikasimama nangoja shukrani. Akasema, "Kama vile vya melini." Nikaenda zangu msikitini kabla ya adhana.

Na mie? Mie nilikuja kwa ndege. Ndege ina kisa gani? Unakaa, masikio yanauma, unapewa mkate mkavu, unashuka. Watoto wangu wakiwa wadogo walikuwa wakimwambia mama yao, "Tuhadithie meli." Hapana hata mmoja aliyewahi kuniambia nimhadithie ndege.

Haya ningeyavumilia. Mtu huvumilia. Lakini binti yetu mdogo aliolewa, na mkwe wetu ana mjomba, mzee kama mie, mjane, mrefu, meno yote yake mwenyewe. Ijumaa moja akaja kula biriani kwetu. Tukakaa, na mke wangu akasema, kama kawaida yake, kuwa mchele huu ungepikwa melini ungetoka punje punje. Yule bwana akaweka kijiko chini.

"Meli gani, bibie?"

Mke wangu akataja jina. Silitaji hapa. Lilikuwa jina la mji wa Kihindi, kama majina ya meli zao nyingi.

"Ile nimeifanyia kazi miaka minane," akasema yule bwana. "Mezani, daraja la kwanza."

Kumbe alikuwa baharia. Baharia wa sahani, si wa kamba, nikajisemea moyoni, lakini hapana aliyenisikia. Alianzia Mombasa, akahamishiwa meli za Ghuba, Mswahili peke yake kati ya Wagoa. Biriani ikapoa. Wakaanza.

"Unakumbuka kengele ya chakula?" mke wangu akauliza.

"Haikuwa kengele. Ilikuwa upatu."

"Kengele, bwana we. Naisikia mpaka leo."

"Daraja la pili mlikuwa mkipigiwa upatu ule ule, ila ukifika kwenu ushachoka."

Mke wangu akacheka mpaka akashika ubavu. Mie nikapakua salata ambayo siitaki. Nilikuwa mgeni kwenye sahani yangu.

Tokea siku ile akawa anakuja kila Ijumaa. Na mimi, nisiwe mnafiki, nilikuwa nikisikiliza, kwa sababu alikuwa akijua. Alikuwa akisema kuwa kampuni ile ilianza na kuchukua barua tu huko Bara Hindi, vimeli viwili vitatu vya makaa. Kisha ikachukua askari, ikachukua mahujaji, ikachukua ngamia na farasi na tende, mpaka ikawa hapana bandari kutoka Basra hadi Unguja isiyoijua dohani yake ya moshi. Vita vikaja, nyengine zikazama na watu wake. Vikaisha, wakaunda mpya, za pacha, hii na ile zimefanana hata baharia akienda kuogelea alikuwa akirudi kwenye siyo. Kisha zikaja ndege. "Ndege ndizo zilizotuua," akasema, na akanitazama kama kwamba ndege ile niliyopanda ilikuwa yangu. Kampuni ikamezwa na kampuni kubwa zaidi, ya huko huko kwao. Meli zikauzwa moja moja. Ile ya mke wangu ilipelekwa ikapandishwa ufukweni, watu wakaipanda na mitungi ya gesi wakaikata kama papa.

Mke wangu akalia. Machozi ya kweli. Mie nililazwa hospitali kwa moyo wiki mbili, akaja kila siku na uji, hakulia. Nikamuuliza baadaye jikoni, "Unalilia chuma?" Akasema, "Wewe huelewi." Nikasema, "Basi nieleweshe." Akawasha mashine ya kusagia nazi.

Sasa nakuja kwenye kosa langu.

Mke wangu ana presha ya macho. Daktari kasema kilichopotea hakirudi, na kilichobaki kinakwenda polepole. Anaona mwanga, anaona umbo la mtu, rangi nyeupe anaiona. Baada ya kusikia hivo akataka kitu kimoja. Maskati, pale penye kasri na wizara, bandari ya zamani imezungukwa na majabali, na kwenye majabali hayo mabaharia waliandika majina ya meli zao. Ilikuwa ada yao. Meli ikitia nanga, wanashushwa vijana na kamba na ndoo ya rangi nyeupe, wanapanda jabali, wanaandika jina herufi kubwa, wanarudi. Mke wangu alipokuwa akishuka na mashua kuja nchi kavu aliliona jina la meli yake. Baba yake alimsomea. Akataka alione tena kabla mwanga haujafungwa.

"Mie nalijua lilipo," yule bwana akasema. "Rangi yake nimeishika mwenyewe. Tukachukue boti Qantab, kule kwa wavuvi, nitakuonesha."

"Nitampeleka mie," nikasema. "Ni mke wangu."

"Lakini, sheikh, utalijuaje?"

"Nina macho."

Alikuwa akijua kuwa kizungu sisomi, kwa kuwa siku moja nilimpa karatasi ya kizungu kichwa chini. Mke wangu hakujua, maana karatasi hizo miaka yote nawapa watoto nikisingizia miwani.

Jumamosi mjukuu wangu akatupeleka Qantab kwa gari. Nikamwambia abaki, boti itamtapisha. Akasema, "Babu, mimi sijawahi kutapika baharini." Nikasema, "Leo utatapika, kaa." Nilimwacha kwa sababu yeye anasoma. Sikutaka msomaji ndani ya boti. Nilitaka siku moja, moja tu, niwe mimi ndiye niliyempa ile meli.

Mwenye boti alikuwa Muomani wa pale pale, haulizi kitu. Tukazunguka majabali mpaka tukaingia mbele ya mji. Majina yapo, mengi, mengine yamefifia, mengine yamepandiana. Kwangu mie yote ni michoro. Nikachagua moja lililo jeupe zaidi, karibu na maji, chini ya buruji, ule mnara wa ngome, maana nilijua hilo jeupe ataliona.

"Lile pale," nikasema.

"Wapi?"

Nikamshika kichwa nikakigeuza.

"Naona weupe," akasema. "Ndilo?"

"Ndilo."

"Nisomee."

Nikataja jina la meli, polepole, nikinyoosha kidole kutoka kushoto kwenda kulia kama nilivyowaona wanaosoma kizungu wakifanya. Yeye akaanza kusema, bila kunitazama, na nikajua haya hakuwahi kumwambia mtu.

"Mama alipokufa nlikuwa na miaka tisa. Nlianza kupika siku ile ile ya hitma. Baba na watoto wanne. Meli ya kwanza tulikaa juu ya sitaha, nikapika humo humo; tukafika Karachi, nikapika kwa jamaa. Tumepanda ile meli, nikauliza jiko liko wapi, yule mtu akanicheka. Akasema, 'Wewe kaa.' Siku tatu nimekaa, bwana. Chakula kinakuja. Sahani inaondoka. Sikujua mikono niiweke wapi. Tukashuka hapa, tukafika kwa ami, sijavua baibui nikapewa vitunguu."

Akakaza ushungi upepo usiuchukue. "Toka siku ile sijakaa."

Basi. Si kijana wa mezani wa kumuonea wivu, si kengele wala upatu. Miaka hamsini nimeona wivu kwa kitu kisichokuwepo, na kile kilichokuwepo, kukaa tu, nilikuwa na uwezo wa kumpa mimi, kila asubuhi, bure. Nilikuwa nikikila pamoja na chakula chake. Na jina nililomuonesha lilikuwa la uongo. Nikataka kumwambia pale pale. Nikatazama uso wake, umegeukia ule weupe, nikashindwa.

Keshoye nikapika chai mwenyewe. Nikamwaga maziwa, nikaunguza sufuria. Akainywa. Hakusema melini ilikuwaje. Alisema tu, "Sukari iko kwenye kopo jekundu, hii uliyotia ni chumvi," na akaimaliza.

Ijumaa yule bwana akaja. Mke wangu akamwambia kabla hajavua viatu, "Nimeliona jina. Mume wangu kanisomea."

"Alhamdulillahi. Upande gani?"

"Chini ya buruji, karibu na maji, jeupe."

Akanigeukia. Mie nikatazama zulia. Nikajua kuwa ameshajua. Kule chini ya buruji hakukuwa na jina la meli ya kampuni yao hata moja, baadaye aliniambia, lile ni jina la meli ya vita. Angeweza kunimaliza kwa neno moja, mbele ya mke wangu na binti yangu na mkwe wangu.

"Ndilo hilo," akasema. "Pale pale."

Na akakaa kula.

Sasa nyinyi semeni, mtu kama huyu umfanye nini? Ana meli, ana meno, ana hadithi, na sasa hata uongo wangu ameushika yeye. Kuonea wivu mtu mbaya ni rahisi, unalala vizuri. Mtu mwema anakukesheza.

Nilivumilia siku nne. Siku ya tano nikamwambia mke wangu, jikoni, mie nikimenya vitunguu ovyo ovyo na yeye amekaa kwenye kile kiti cha uani, nimekiingiza ndani. "Lile jina silo. Herufi za kizungu sizijui. Nilikuonesha lililo jeupe."

Nikajikata kidole.

"Na yeye kasema ndilo," akasema.

"Kanisitiri."

"Mpigie simu. Atupeleke kweli."

Nikampigia mwenyewe. Ilikuwa nzito kuliko kulipa mahari. Nikamwambia, "Kaka, njoo utuoneshe." Hajawahi kuwa kaka yangu hata siku moja, lakini neno lilitoka. Akasema, "Jumamosi, asubuhi, kabla ya jua kali." Hakuongeza lolote, na hilo pia lilinikera.

Safari hii mjukuu tulimchukua, na hakutapika. Yule bwana akakaa mbele pamoja na mke wangu, ili aweze kumuonesha, mie nyuma karibu na mashine, nikiwa nimeshika viatu vyake mke wangu visilowe. Boti ikapita buruji, ikapita lile jeupe langu, sikulitazama. Ikaenda mpaka kwenye kona. Yule bwana akasimama, akaweka mkono juu ya macho, akatazama jabali kwa muda. Akatazama tena.

"Hapa ndipo," akasema. "Nilining'inia hapa na kamba kiunoni. Limefutika, bibie. Lote. Hata herufi haikubaki."

Mjukuu wangu akatazama naye, akasema, "Hapana kitu, bibi. Jiwe tu."

Mwenye boti akapunguza mashine. Nikaona bega la yule mzee limeshuka, na, Mungu anisamehe, sikufurahi kama nilivyotarajia.

Mke wangu akageuza kichwa upande wangu huko nyuma.

"Basi turudini kwenye lile la mume wangu," akasema. "Lile angalau naliona."

Tukarudi. Boti ikasimama chini ya buruji mbele ya meli ya vita ya watu wasiotuhusu, na wale wawili wakaanza tena, kengele, upatu, kengele, upatu, na mke wangu akicheka vile vile akishika ubavu. Mie nna wivu mpaka leo. Lakini lile jina ni langu, na viatu vyake nilikuwa nimevishika mie.