Miaka Minane ya Léocadie

Sogeeni karibu, maana habari ya Léocadie haisimuliwi kwa sauti kubwa. Kila mwenye mtoto pale Kabambare amesimama mbele ya meza yake. Kazi yake ni kuandika wanaozaliwa katika kitabu cha serikali na kutoa vyeti. Kazi ni ya serikali, ndiyo, lakini yeye si mtu wa serikali. Ni mtu wa kontra, mkataba wa mwaka mmoja mmoja. Kila Desemba kontra inaisha, kila Januari anatia sahihi nyingine, na wakubwa wanamwambia, "Mwaka ujao, mama, utapata nambari yako." Amekaa miaka kumi na minne akingoja huo mwaka ujao.

Basi, mwezi wa kumi wa 2024, tangazo likabandikwa mlangoni. Wenye kontra wote waende Kasongo, mbele ya komisyo, tume ya serikali inayotoka Kindu. Atakayepita ataingizwa kazi ya kudumu, apewe nambari, na uzeeni apate pensheni. Asiyepita, Desemba ikifika, kontra yake haiandikwi tena. Masharti yalikuwa mawili tu: uwe umetumika miaka kumi bila kukatika, na siku ya kontra yako ya kwanza uwe umefika miaka kumi na minane, na usiwe umevuka thelathini na tano.

Léocadie akasoma, moyo ukatulia. Nani anaogopa kuwa kijana?

Hapo lazima niwarudishe nyuma kidogo. Mwaka 2018 uvumi ulipita kwamba mwenye kuvuka miaka thelathini hataingizwa kamwe. Léocadie alikuwa na thelathini na mitatu. Kalamu ilikuwa yake, kitabu kilikuwa mbele yake. Akajiandikia cheti kipya: badala ya 1985, akazaliwa 1993. Mkubwa akapiga muhuri bila kusoma. Tena akamwonea huruma Ayoubu, mwenzake wa meza ya pili, naye mtu wa kontra.

"Ayoubu, leta na wewe nikupunguzie."

"Mama Léo, mwaka wangu wa kweli wenyewe ninausahau. Ule wa uongo nitaubeba na kichwa gani?"

Wakacheka, yakaisha.

Sasa, tangazo la 2024 lilipotoka, wakapanda pikipiki wote wawili, matope hadi magotini, wakalala Wamaza, siku ya pili wakaingia Kasongo. Ayoubu alitangulia. Baada ya muda mfupi akatoka na karatasi yenye muhuri, akiishika kwa mikono miwili kama mtu aliyebeba mayai.

Akaingia Léocadie. Aliyekaa mezani ni Bwana Antoine, mtu wa miwani, mpole. Akampa fomu, Léocadie akaijaza, akaitoa pamoja na cheti chake.

"Mama, kontra ya kwanza ni ya 2010?"

"Ndiyo, baba."

"Na ulizaliwa 1993."

"Ndiyo, baba."

Antoine akahesabu, akahesabu tena. "Kumi na saba. Mama, ulikuwa mutoto. Kontra ya mutoto si kontra."

Léocadie akainama juu ya fomu. "Baba, toa huo mwaka mumoja. Si inabaki kumi na mitatu?"

"Sheria inasema kontra ya kwanza. Haisemi ya pili."

Kumbe ule mwaka wake wa kweli ungempitisha bila shida! Siku ile ya 2010 alikuwa na miaka ishirini na mitano, katikati kabisa ya sheria. Alipunguza minane, angepunguza saba tu, angepona.

Akakimbia hadi parokia alikobatizwa, pale pale Kasongo. Mama Emilienne wa ofisi ya padri akafungua kitabu cha zamani, mchwa wamekula pembe, lakini jina lilikuwepo: Léocadie, 1985. Akamwandikia nakala, akapiga muhuri. Léocadie akarudi mbio, kitenge kikimfunguka njiani.

Antoine akaweka karatasi tatu mezani: ya kanisa, cheti chenye mwaka 1993, na ile fomu ya asubuhi. Akaangalia cheti, akaangalia fomu. Kwenye zote mbili herufi L ilikuwa na mkia mrefu, unaopinda kama wa panya. Akavua miwani.

"Mama," akasema kwa sauti ya chini, "nikipokea hii ya kanisa, lazima niandike nani alitengeneza ile ingine. Hapo si habari ya kontra tena, ni ya polisi. Nikipokea ile ingine, wewe ni mutoto. Nichukue gani?"

Nyuma watu wakapiga kelele: "Mama, harakisha! Jua iko natuunguza huku!"

Léocadie akamfikiria mume wake Josué, anayekaa tu nyumbani tangu shimo la dhahabu la Salamabila limvunje kiuno. Nani atampikia, yeye akiwa gerezani? Akaivuta karatasi ya kanisa, akaikunja mara nne, akaifunga kwenye pindo la kitenge.

"Basi, baba," akasema. "Mimi ni mutoto."

Wakarudi Kabambare kwa pikipiki. Ayoubu aliificha karatasi yake ndani ya shati, kama mwizi.

Jumatatu, mtu wa kwanza mezani kwa Léocadie alikuwa Djuma, na binti yake Sagesse, ambaye hakuwahi kuandikishwa.

"Alizaliwa lini?"

"Elfu mbili na sita. Lakini andika kumi, mama. Kesho atatafuta kazi, miaka itamusaidia."

Léocadie akaandika 2006.

Djuma akaruka. "We mama, una roho mbaya! Nimekuomba miaka yako?" Akageukia meza ya pili. "Baba Ayoubu, wewe sasa ni mutu wa kudumu, nisaidie."

Ayoubu akafunga kitabu chake.

Zilikuwa zimebaki wiki tano kontra yake iishe. Léocadie akapiga muhuri, akamsukumia Djuma cheti, akafungua ukurasa mwingine.

"Anayefuata. Jina la mutoto?"