Koleo na Ruta Hewa
Kazini walimwita Koleo, na jina hilo lilimkaa kuliko lile la kwenye kitambulisho. Kwa miaka ishirini na tisa alipanda nguzo, akafungua masanduku ya simu ya kando ya barabara, akakata, akaunga, akapima. Koleo lake la mpini mwekundu lilining'inia kwenye mkanda wa turubai alioshonewa na mkewe, fundi cherehani, ambaye aliushona mara moja na kuutia viraka mara sita. Mkanda ule ulishika vifaa, na kwa kuwa Koleo ni mwembamba kama nguzo zake, ulishika na suruali pia. Kanuni yake ilikuwa moja tu: simu ikikataa, anza na waya. Wenye vyeti walikuwa wakimcheka asubuhi na kumpigia simu mchana.

Kisha ikaja barua. Kampuni inaachana na waya wa shaba, barua ilisema, na mafundi wote watafanya mtihani wa vitendo Ijumaa ya mwisho wa mwezi. Atakayefaulu atabaki fundi. Atakayeanguka atahamishiwa stoo. Koleo aliisoma mara tatu, akaikunja, akaitia mfukoni. Stoo aliijua vizuri. Ni mahali ambapo mtu hukaa kwenye kiti kirefu akiwagawia wenzake vifaa na kuwawekesha sahihi, na mvua ikinyesha laini zikakatika, hakuna anayemuulizia. Yeye alitaka kuuliziwa.

Mkufunzi wao alikuwa binti mwenye subira, umri wa mtoto wake wa kwanza. Aliwaeleza kwamba ruta ni kifaa kinachopokea ujumbe na kuuonyesha njia ya kupita. Ila siku hizi, alisema, huhitaji kununua ruta ili ujifunze. Kuna faili, na ndani ya faili hilo kuna ruta nzima. Unaliweka kwenye kompyuta yako, unaliwasha, na ruta inaamka kama ruta yoyote. Mtihani utakuwa ni kuamsha ruta tatu za namna hiyo na kuzifanya zizungumze. Mafundi waliziita ruta hewa, kama wale wafanyakazi hewa wanaolipwa mshahara na hakuna aliyewahi kuwaona.

"Sasa zenyewe hasa zipo wapi?" Koleo aliuliza.

"Ndani ya kompyuta, mzee wangu."

"Kompyuta nimewahi kuifungua, mwanangu. Niliona feni na vumbi."

Darasa zima likacheka. Koleo alitazama huku na huku, maana hakuwa ametania.

Alirudi nyumbani na flashi yenye faili hilo, akaitoa kompyuta ya zamani aliyoachiwa na bintiye, akaiweka katika chumba cha cherehani, kwenye pembe ya meza, chini ya misumari ambako mkewe hutundika karatasi za kaki za kukatia nguo.

"Hapa ndipo maabara yangu," alisema.

"Hapa ndipo meza yangu ya kukatia," mkewe alijibu. "Lakini nimekuazima. Usiweke chai karibu na vitambaa vya watu."

Siku ya kwanza aliambulia patupu. Alifuata maelezo hatua kwa hatua, akaiwasha ruta, na kikatokea kidirisha cheusi kisicho na hata nukta. Alingoja dakika mbili, akaizima. Akaiwasha tena, giza lile lile. Alifanya hivyo mara tisa, feni ikinguruma kama inataka kuruka. Mara ya kumi mkewe akamwita amsaidie kubeba jora la kitambaa, na walikuwa bado wanabishana liegemee ukuta upi alipogeuka na kukuta maandishi yamejaa kidirisha, ruta iko macho, inamngoja. Kumbe inahitaji dakika saba kuamka. Mara tisa aliiua ikiwa njiani. Alijiona mjinga, akashukuru kwamba hakuna shahidi isipokuwa mke, na mke alikuwa na mengine mengi ya kumcheka.

Siku mbili zilizofuata aliitengeneza ruta ile kwa upendo kabisa. Aliipa jina, akaipa anwani, akaipa namba ya utambulisho ambayo ruta nyingine zingeitambua kwayo kama watu wanavyotambuana kwa kitambulisho. Ilipokamilika akaipiga picha kwa simu. Kisha, kwa kuwa aliona uvivu kurudia, akafanya jambo lililomjia lenyewe: akainakili ruta ile mara mbili. Sasa alikuwa nazo tatu. Akachora waya kati yao kwa kipanya, mistari mitatu iliyonyooka, akakaa kusikiliza mazungumzo.

Hazikuzungumza. Si hivyo tu, zilikuwa zikitoa malalamiko mekundu ambayo alishindwa kuyaelewa hata neno. Basi Koleo akafanya alichokijua. Alianza na waya. Alifuta mistari, akaichora upya. Akaifuta, akaichora kwa kupitia upande wa pili. Mara ya kumi na moja mkewe alimkuta amepiga magoti chini ya meza, akipapasa.

"Umepoteza nini?"

"Naangalia waya."

"Si ulisema hizo hazina waya?"

Alitoka chini ya meza taratibu, vumbi kwenye nyusi. Kichwa kilikuwa kimevurugika. Ilikuwa Jumatano, mtihani Ijumaa, na alianza kujiona tayari amekaa kwenye kile kiti kirefu. Alishika tama mbele ya kompyuta, akawa hajui aanzie wapi, maana kitu kisichoshikika utakishikaje.

Mkewe aliinama akatazama kioo. Hajui kompyuta, ila macho yake yamezoea kuona mikono ya shati iliyopishana nusu inchi. "Mbona zote tatu zina jina moja?" aliuliza.

"Nilitengeneza moja vizuri, nikainakili."

"Umeinakili na vipimo vyake?"

"Na kila kitu."

Mkewe alicheka, akanyoosha mkono ukutani na kutungua karatasi moja ya kaki. "Bwana wewe, umeishi na mimi miaka yote hii. Hii haina mwenyewe. Naikatia nguo ya huyu na ya yule, vipimo vya kila mtu vinaingia kwenye kitambaa chake. Wewe umechukua gauni la mteja lililokwisha kushonwa, ukaligeuza karatasi ya kukatia. Sasa umevalisha watu watatu gauni la mtu mmoja, unashangaa wanagombana?"

Akili ni nywele, kila mtu ana zake. Koleo alikasirika kwanza, kwa sababu ilimuuma kuelezwa ruta na mtu aliyeshika sindano mdomoni. Kisha akafuta zote, akarudi kwenye faili safi la kwenye flashi, akanakili hilo, na kila ruta akaipa jina lake, anwani yake na namba yake. Dakika saba za giza. Mistari mitatu. Hayawi hayawi, yakawa. Ruta zikasalimiana, na Koleo akapiga meza kwa furaha hadi mkasi ukaruka.

Ijumaa, katika chumba cha mtihani, jirani yake alikuwa akiwasha na kuzima, akiwasha na kuzima. Koleo alikaa mikono mapajani akilitazama giza kama mtu anayengoja maji yachemke. Saa nne na nusu mkufunzi alikagua kazi yake, akatabasamu. "Umefaulu, mzee wangu. Pitia stoo kabla ya kuondoka."

"Stoo? Si nimefaulu?"

"Ndiyo. Pitia tu."

Mtunza stoo alimsukumia fomu. "Hongera, kaka. Weka vifaa hapa. Nyie mliofaulu hampandi nguzo tena, mtakaa chumba cha kompyuta."

"Na walioanguka?"

"Hao watakuwa hapa na mimi. Laini za zamani zikikatika, watatoka kuziunga hadi ziishe."

Koleo aliisoma fomu mara tatu, kama ile barua. Kisha akatoa bisibisi, akatoa simu ya kupimia laini, na mwisho koleo. Mkanda usio na vifaa aliona hauna kazi tena, akaufungua.

Mkewe alisimamisha cherehani alipomwona mlangoni, mkanda mtupu umekunjwa kwapani, mkono mmoja umeshikilia suruali.

"Umeanguka," alisema kwa sauti ya chini.

"Nimefaulu."

"Sasa koleo liko wapi?"

Alifungua mdomo amweleze, akakuta hata yeye mwenyewe haelewi. Alitaka kucheka, na machozi yakamtangulia. "Wamelichukua, mke wangu," alisema.

Mkewe aliinuka, akavuta utepe wa kupimia uliokuwa shingoni mwake. "Njoo hapa kwenye mwanga," alisema. "Hiyo suruali itabidi niipunguze kiuno."