Baba Mkwe Alivyofunga Bomba Nikiwa na Dawa Kichwani

Siku mbili kabla ya harusi yangu nilikwama ndani ya saluni yangu mwenyewe, dawa ya nywele ikiniunguza kichwa, na mlango ulikuwa wazi.

Hujasoma vibaya. Mlango ulikuwa wazi kabisa, na bado sikuweza kutoka.

Naitwa Gesare. Saluni yangu iko Nyaramba, pembeni mwa soko, pale ardhi inapoanza kuteremka kwenda kwa mashamba ya majani chai. Chumba ni cha baba mkwe wangu, Mzee Onsongo. Alikijenga kiwe stoo ya mahindi, ndiyo maana kina mlango mmoja tu, unaotazama uani. Ng'ombe wa mahari walipofika kwetu, akanipa chumba hicho bure, pamoja na tangi la maji ya mvua lililo hapo uani.

Niambie, mkwe gani anatoa chumba bure siku hizi? Nilijiona nimeokota dhahabu.

Sasa kama wewe si Mkisii, nikueleze kitu kimoja, la sivyo utaniona mjinga. Sisi tuna chinsoni. Ni heshima, lakini heshima yenye meno. Baba mkwe na mkaza mwana hawataniani, hawagusani, na hawaonani kama mmoja hajavaa vizuri. Kukiwa na neno kati yao, linapitia kwa mtu mwingine.

Mama mkwe alifariki kabla sijaolewa. Kwa hivyo huyo mtu mwingine alikuwa mmoja tu, mume wangu Mose.

Harusi ya kanisa ilikuwa Jumapili. Sisi ni Wasabato, kwa hivyo Ijumaa mchana ndiyo ilikuwa nafasi yangu ya mwisho ya kutengeneza kichwa kabla Sabato haijaingia. Ilikuwa Januari, jua kali, mvua tumeisahau.

Emmah akanipaka dawa. Emmah ni msichana Mluo wa Homa Bay ninayefanya naye kazi, mikono myepesi, mdomo mwepesi zaidi. Gauni langu lilikuwa limeingia rangi ya mteja asubuhi, nikalifua na kulianika uani. Nikabaki na leso, mabega nje. Saluni ni ya wanawake, nani angekuja?

Dawa ikaanza kuwasha. Mnaijua hiyo hatua. Kwanza inatekenya, halafu inauma kama siafu.

"Emmah, nioshe."

Emmah akatoka na ndoo. Akarudi nayo tupu.

"Kuna mzee amefunga bomba na kufuli."

Bomba letu liko ndani ya kijumba cha chuma, fundi alikichomelea kwa sababu ya wezi wa maji. Kufuli yake haikuwahi kufungwa mchana hata siku moja.

"Mzee gani?"

"Yule wa koti la kaki. Si ni babake Mose?"

Nilisukuma pazia kidogo nikachungulia. Mzee Onsongo alikuwa pale, hatua chache kutoka mlangoni, jembe mkononi. Alikuwa anaziba mtaro unaotoa maji ya saluni, anashindilia mashina ya migomba na udongo. Maji meusi yalikuwa yameanza kujaa nyuma ya udongo huo. Gauni langu lilikuwa linaning'inia kwenye waya juu ya kofia yake. Kama Emmah angelianua hapo, mzee angejua ni mimi niliye ndani bila nguo.

Nikarudi kwa kiti, nikashusha sauti.

"Emmah, enda umwombe afungue."

"Si uende wewe? Si ni baba yako sasa?"

"Niko na leso!"

"Ni mabega tu, Gesare."

"Kwenu ni mabega. Kwetu ni kesi."

Na sikuwa natia chumvi. Kuna wazee wangesikia kwamba mzee amemwona bibi harusi nusu uchi siku mbili kabla ya kanisa, na harusi ingesimama mpaka mambo yatakaswe. Shangazi zangu walikuwa wameshapanda gari kutoka Nyansiongo. Nyama ilikuwa imeshalipiwa.

Emmah akatoka. Nilikuwa nasikia kila neno.

"Baba, habari ya mchana. Tunaomba maji kidogo tu."

"Maji hakuna leo. Wala kesho. Wala Jumapili."

"Baba, kuna mteja ana dawa kichwani."

"Mteja aende kwao na dawa yake." Jembe likagonga jiwe. "Mwambie mwenye saluni akirudi kutoka Kisii, nimeongea kwa mdomo wa Mose mpaka nimechoka. Leo naongea kwa kufuli."

Kisii? Nani alisema niko Kisii?

Nikampigia Mose kwa mnong'ono, nimejikunja nyuma ya kiti. Alikuwa Nyamira anachukua suti.

"Mose, baba yako amefunga bomba na mimi nina dawa kichwani!"

Nikamsikia akimwambia mtu wa suti angoje.

"Mose!"

"Si ulisema unaenda Kisii?"

"Nilibadilisha, Emmah ananitengeneza hapa hapa. Baba yako anasema alikutuma. Alikutuma nini?"

"Aah... ni mambo ya maji tu. Eti maji ya saluni yanateremka mpaka kwa chemchemi yake. Alitaka tuchimbe shimo."

"Alisema lini?"

"Kitambo."

"Kitambo gani?"

"Kabla ya Krismasi." Akakohoa. "Siyo hii. Ile ingine."

Zaidi ya mwaka! Kwa zaidi ya mwaka yule mzee alikuwa anatuma maneno, na maneno yanafika kwa Mose yanalala hapo.

"Ningekuambia baada ya harusi," akasema. "Lakini Gesare, shimo lenyewe ni futi kumi, na mawe ya huko unayajua."

Nilikata simu. Kama angekuwa karibu ningemchapa na pasi ya nywele, Mungu anisamehe.

Kichwa sasa kilikuwa kinawaka. Nilikaa kwenye kiti changu mwenyewe, mbele ya kioo changu mwenyewe, nikiona machozi yangu yanashuka. Pazia lilikuwa linapepea na upepo. Kila lilipoinuka niliona koti la kaki, nikajikunyata nyuma ya kiti. Sijawahi kujisikia mdogo hivyo maishani.

Emmah alikimbia hoteli ya jirani. Maji yamekwisha, wanangoja punda wa kuleta maji. Akakimbia dukani, akarudi na chupa moja ndogo ya maji ya kunywa. Tukamwaga. Lilikuwa kosa. Dawa ilishuka masikioni na shingoni, nikapiga kelele nikiwa nimeuma leso ili mzee asisikie sauti yangu.

Emmah akatupa chupa chini.

"Wololo! Mimi nimechoka na hiyo chinsoni yenu."

"Emmah, usi..."

Alikuwa ameshatoka.

"Baba! Mteja si mteja. Ni Gesare wako. Yuko hapo ndani hana nguo na kichwa kinaungua!"

Nilisikia jembe likianguka. Nilichungulia, nikaona kitu ambacho sikudhani nitakiona. Mzee wa kanisa, mtu wa miaka sabini, anatimua mbio kuteremka shamba la chai, koti linapepea nyuma.

"Baba, ufunguo!" Emmah akapiga kelele. "Tuachie ufunguo!"

Mzee hakugeuka. Angegeukaje, na mimi niko huku? Aliingiza mkono mfukoni, akarusha ufunguo juu ya bega lake bila kuangalia.

Ulianguka katikati ya yale maji meusi aliyoyaziba.

Uani sasa hakukuwa na mtu. Nilitoka mbio, nikavuta gauni juu ya leso, nikapiga magoti mtaroni na Emmah. Tukaingiza mikono mpaka viwiko. Humo ndani kulikuwa na povu, rangi, vipande vya rasta, na utelezi ambao sijui hata niuite nini. Yote yalikuwa yangu. Niliyamwaga kila siku kwa karai na sikuwahi kuuliza yanaenda wapi. Yalikuwa yanaondoka mbele ya macho yangu, basi nilidhani yameisha.

Ufunguo hatukuupata. Emmah aligonga kufuli na jiwe mpaka jiwe likavunjika.

Halafu tukasikia mtu anakohoa kule chini, kikohozi cha kukusudia, kile wazee hutumia kukuonya kwamba wanakuja. Gauni lilikuwa limelowa na kunigandama, nikarudi nyuma ya pazia.

Emmah akaanza kucheka na kulia pamoja.

"Gesare, anakuja kinyumenyume."

Mzee Onsongo alikuwa amefika ukingo wa uani, akageuka akatupa mgongo. Kutoka hapo alikuja hatua kwa hatua akirudi nyuma, anavuta mtungi wa lita ishirini, anahema, kisigino kinatafuta njia. Alijikwaa mara moja. Hakugeuza shingo hata kidogo. Aliuweka mtungi mlangoni, akasogea mbele kidogo, akasimama akiangalia chai.

Emmah aliuingiza ndani na kuniinamisha. Maji ya kwanza yalipogusa kichwa nilisema asante Nyasae, Mungu wangu, kwa sauti. Moto ulianza kupoa. Povu likapanda, likanishuka usoni, likinukia matunda, ile harufu tamu ya shampuu yetu.

"Usiweke shampuu nyingi," nikamwambia. "Toa dawa kwanza."

Mikono ya Emmah ilisimama.

"Sijaweka shampuu, Gesare. Haya ni maji tu."

Nikafungua macho. Niliangalia karai. Povu lilikuwa limejaa hadi ukingoni.

"Hayo ndiyo ninayokunywa," sauti ikasema nje ya pazia.

Haikuwa inaongea na Emmah. Tangu niolewe, ndiyo ilikuwa mara ya kwanza baba mkwe kunielekezea neno moja kwa moja.

"Mkaza mwana, sikufunga maji kwa ubaya. Jumapili watu wa kwenu watakula kwangu. Chai yao na ugali wao vitapikwa na maji haya haya ya chemchemi. Nilitaka ipumzike siku mbili tu, isafike, wasije wakasema mimi nimewalisha sabuni siku yako. Mose aliniambia uko Kisii. Nikaona hakuna mtu nitaumiza."

Nilikuwa nimeketi hapo mchana wote nikimwona adui, na yeye alikuwa anaiokoa harusi yangu.

"Tata, baba yangu," nikasema, "nisamehe. Sikuambiwa."

"Najua sasa hukuambiwa." Akaanza kuondoka. "Osha kichwa vizuri. Nitaleta mwingine."

Akaleta mitungi mitatu. Yote kinyumenyume.

Nywele za nyuma zilitoka zote. Jumapili alfajiri Emmah alizinyoa zilizobaki, nikaingia kanisani na kipara kama mwanafunzi wa darasa la kwanza. Shangazi zangu walinong'ona mpaka wakachoka. Maji ya chai yalitoka chemchemi nyingine ng'ambo ya kilima, na aliyeyabeba ni Mose, akiwa bado hajavaa suti yake mpya. Sikumwonea huruma.

Wiki ya kwanza baada ya kanisa mume wangu aliimaliza ndani ya shimo. Mawe ya Nyaramba kweli ni magumu. Tuliweka kokoto, mchanga na makaa, na maji ya saluni sasa yanaishia humo. Sitadanganya kwamba shimo linamaliza kila kitu, kwa hivyo rangi kali tuliziacha, na wateja wawili watatu wakahamia Keroka. Rasta zilizotumika hatuzichomi tena, wala hatuzitupi mtaroni. Emmah anazifua, anazisokota kamba, na watu wanafungia ndama.

Lakini kinachonirudia si shimo.

Jumapili hiyo, mimi nikiwa meza kuu na kipara changu, nilimwona baba mkwe akipewa kikombe cha chai ya rangi. Alijua maji yametoka ng'ambo. Alijua ni safi. Hata hivyo alikiinamisha kikombe kwenye mwanga, akapuliza juu taratibu, akaangalia kama povu litasogea.

Wageni waliokuwa karibu naye walicheka, wakasema mzee anaogopa kuungua mdomo.

Mimi sikucheka. Ni mimi niliyemfundisha kuogopa kikombe nyumbani kwake.

Ndugu zangu wa saluni, wa kuosha magari, wa kila kazi ya kumwaga maji, huku kwetu Kisii hakuna tambarare. Sisi sote tunaishi juu ya mtu. Kabla hujamwaga karai lako, nenda uteremke mtaro huo kwa miguu mpaka mwisho. Umwone anayeteka maji huko, na umsalimie kwa jina. Na kama kuna neno kati yenu, msilipitishe kwa mume wangu.