Aliyezigawa Nyimbo za Kambini

Jumatatu nilipigiwa simu kutoka Kasulu kwamba yule mama aliyekuwa na duka la intaneti karibu na stendi amefariki kwa ugonjwa wa sukari, atazikwa baada ya sala ya alasiri. Nilitoka Kibondo nikiwa na huzuni. Nimerudi na hasira, na wasomaji wangu mtanisamehe, sitaificha.

Mwaka 2013 kiongozi wa kwaya ya Wakongo wa kambi ya Nyarugusu alimletea nyimbo walizojirekodia wenyewe, akitaka ndugu zao waliotawanyika wazipate. Mama akajiunga na mtandao wa kugawana mafaili, ule usio na makao makuu: kila kompyuta huchukua vipande kutoka kwa wenzake, nayo ikawapa wengine. Ya kwake aliiacha ikiwaka kutwa, umeme ukikatika anawasha jenereta. Wakati huo niliishi jirani na duka lake, na siku moja nilikuwepo kiongozi yule alipoingia akilia. Mdogo wake wa Uvira, aliyepotezana naye vitani, alikuwa ameisikia sauti yake na kupiga namba iliyotajwa mwishoni mwa wimbo.

Kisha akaja afisa mmoja wa serikali, kasikia kwamba pale watu wanaiba nyimbo. Mama akamwita kiongozi wa kwaya aeleze.

“Nyimbo ni za kwetu, chefu, mkubwa wetu. Ni sisi tuliimba.”

“Hati iko wapi?”

“Tulikimbia na watoto mgongoni. Hati tungeitoa wapi?”

Afisa akacheka, akabeba kompyuta zote. Hazikurudi. Mama akaishia kuuza vitenge sokoni, wakati duka la jirani, lililochoma CD za filamu za watu mchana kweupe, halikuguswa. Afisa mwenyewe alikuwa mteja wa pale.

Huyohuyo ndiye aliyesimama makaburini kutoa rambirambi. “Tumepoteza mama aliyetuletea teknolojia,” alisema. Kiongozi wa kwaya hakuwepo. Safari hii alinyimwa kibali cha kutoka kambini. Watu walipotawanyika nilimfuata afisa, nikamuuliza kompyuta za marehemu ziko wapi.

“Ndugu mwandishi, tumeshazika. Ya nyuma tuyaache.”

Siyaachi. Wahenga walisema mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni. Sisi tunamnyonga, kisha haki tunampa akiwa mchangani, pale isipomgharimu mtu chochote. Aliyegawa kilicho halali tulimwita mwizi kwa sababu tu hakuomba ruhusa kwa mkubwa yeyote, nasi majirani tukatazama kompyuta zikipakiwa garini. Anayestahili kutetewa atetewe angali anasikia. Sifa za makaburini humsafisha msemaji tu.