Pumzi ya Mwantum

Mwantum alikuwa mshonaji wa mtaa wa Jabe. Mumewe Mohamadi, fundi wa magari, alipiga gitaa la umeme katika bendi ya roki ya vijana wa mtaa. Mwaka 1970 bendi ilitoa diski ndogo ya nyimbo mbili. Upande wa kwanza ulikuwa magitaa matupu, kelele tamu. Upande wa pili aliimba Mwantum, mjamzito aliyekaribia kujifungua, ameketi kwa sababu miguu ilikuwa imevimba.

Gazeti moja la mjini likaandika kuhusu diski hiyo. Sylvère, mpiga ngoma wa bendi, aliwasomea uani akiwafasiria kutoka Kifaransa. Magitaa yalisifiwa sana. Kisha akasita.

"Soma tu," Mwantum akamwambia.

"Wanasema... mwimbaji wa upande wa pili anahema sawa mutu anapanda mulima na muzigo."

Mwantum alicheka, wengine wakacheka naye. Lakini tangu siku ile akawa anashona bila kuimba. Akajifungua msichana, Kudra, na hata huyo alibembelezwa bila wimbo. Mohamadi hakumsukuma. Jioni alikaa karibu na cherehani, akipiga wimbo ule wa upande wa pili taratibu, akiacha nafasi ya sauti. Nafasi ilibaki tupu.

Ikafika harusi ya jirani yao Scholastique. Bendi ilialikwa, na bibi harusi mwenyewe akaja kumshika Mwantum mkono. "Dada, mi nakuomba. Ule wa upande wa pili."

Nani atamnyima bibi harusi? Mwantum akamfunga Kudra mgongoni, akaimba. Sasa pumzi alikuwa nayo. Mistari ilitoka mirefu, safi, bila kukatika.

Wanawake waliokuwa wakiitikia wakashindwa kumfuata. Mathilde, muuza mboga wa sokoni, akainua mkono.

"Apana, Mama Kudra! Unatupita. Pale katikati tunavuta pumuzi kwanza. Ndivyo iko ku diski!"

"Pumuzi gani?"

Wakamwonyesha. Wazee kwa wasichana wakaimba mstari, wakaukatiza pale pale tumbo lilipombana pumzi siku ya kurekodi, wakavuta hewa pamoja, mabega yakapanda, wakaendelea. Walikuwa wamejifunza hivyo wakifua na wakimenya mihogo, wakidhani ni sehemu ya wimbo.

Mwantum akajifuta macho kwa ncha ya kitenge, huku akicheka. Mohamadi akarudia mwanzo, polepole. Mwantum akaimba nao, na walipofika katikati akahema kwa nguvu kuliko wote.