Nilivyouza Ufunguo wa Timu Mbele ya Watu wa Bunda

Ndiyo, ni mimi. Yule msichana aliyeuza ufunguo wa timu nzima kwa mzee wa ndani ya kompyuta, mbele ya nusu ya mtaa wetu wa Makoko na wageni kutoka Bunda, tena akajishangilia kabla hajajua alichouza, ni mimi, Nyangeta, na nimeamua kuisimulia kwa mdomo wangu kwa sababu habari anayoizungusha Mafuru mtaani ina uongo mwingi (anasema nililia, sikulia, macho yaliwasha kwa moshi wa mafuta ya Mama Masatu, aliyekuwa anakaanga sato mlangoni). Aibu naikubali. Mengine siyakubali, na nitasema ni yapi.

Kwa asiyelijua gemu lenyewe, ni hivi. Mnaingia kwenye mji uliohamwa, umejaa watu wenye bunduki, mnaokota kila chenye thamani, cha kwenye makabati na cha waliokufa, mkitoka hai vinakuwa vyenu, mkifa mnapoteza vyote mlivyobeba. Mkishatoka mnakwenda kwa wafanyabiashara, ambao si watu, ni picha tu za kompyuta zilizopangiwa bei: kuna mzee wa ndevu nyeupe anayenunua silaha na mabegi, kuna nesi anayenunua dawa, na kuna jamaa mmoja mnene anayenunua chochote kwa bei ya kukutukana. Wenzangu wote wanapenda kupiga risasi. Mimi napenda kuuza. Hakuna aliyenifundisha, nilikaa nikajaribu kitu kimoja baada ya kingine, nani anatoa zaidi kwa kipi, mpaka nikawa nalala naota bei (nilikuwaga hivyo hata shuleni, nafuta sentensi moja mpaka karatasi inatoboka). Ndiyo maana Magesa, kapteni wetu, kijana mpole wa Nyegina, alinikabidhi ghala la timu, yaani lile sanduku kubwa la pamoja linalotunza kila tulichookota. Sikuwa na kazi, sikuwa na chuo. Nilikuwa na kile kiti cha muuzaji, na nilipokikalia watu walininyamazia nifikirie.

Sasa kuna jambo nililoleta mimi mwenyewe, na lazima nilieleze, maana ndilo lililozaa balaa. Kwa babu yangu, kijijini Buswahili, kule Butiama, ng'ombe akiuzwa mnadani kamba haiendi naye. Babu anaifungua kamba yake, mnunuzi anafunga ya kwake, na babu anarudi nyumbani na kamba mkononi, kwa sababu ukimtoa ng'ombe na kamba umetoa na bahati ya zizi, na waliobaki watamfuata. Nimekua naliona hilo. Kwa hiyo siku ya kwanza nilipomuuzia bunduki yule mzee wa ndevu, mkono wangu wenyewe ulivua kwanza mkanda wake wa kuning'inizia begani.

"Wewe unauza bunduki au ndama?" Mafuru aliniuliza. Mafuru ndiye mpiga risasi wetu, na mdomo wake haujawahi kuishiwa risasi.

Magesa akasema niachwe. Tukaanza kutoka hai mara nyingi kuliko zamani, na ikawa sheria ya timu: bunduki inakwenda, mkanda unabaki. (Usiniulize kama naamini. Babu ana ng'ombe. Wewe una nini?) Tatizo ni kwamba mikanda ilijaa. Ukifungua ghala letu ulikuta mikanda kila kona, ya kijani, ya kahawia, iliyochanika, kama duka la fundi viatu lililopigwa na upepo wa ziwa.

Ndipo Mama Masatu, mwenye banda la gemu, akaandaa bonanza, Makoko kwa Bunda, zawadi mbuzi. Kazi ilikuwa moja. Timu zote mbili zinaingia kwenye mji uleule, kuna chumba chini ya hospitali chenye sanduku jekundu, na timu itakayotoka nalo ndiyo yenye mbuzi. Chumba hakifunguki bila ufunguo, na ufunguo wenyewe unaokotwa kwa bahati. Wetu tuliutafuta mpaka tukakonda, ndipo tukaupata.

"Tukishindwa kwa sababu ya ghala," Mafuru akaniambia mbele ya watu, "hicho kiti unaniachia mimi."

"Nakuachia," nikasema. Nilisema haraka, kama mtu anayejiamini. Usiku sikulala.

Siku ikafika. Mama Masatu alitundika shuka jeupe ukutani, projekta ikawashwa, watu wakajaa mpaka madirishani, na mbuzi amefungwa nje anatafuna boksi la sabuni. Bunda wakaja na kapteni wao, Wambura, kijana wa raba nyeupe zisizo na hata tone la vumbi, na wao ndio walioanza kuonyesha ghala lao ukutani. Jamani. Kila kitu kimekaa mahali pake, bunduki kwa urefu, dawa kwa rangi, kama kabati la sakristia ya kanisa. Watu wakasema "aaah" kwa pamoja. Niliwaza mikanda yetu ikitokea pale ukutani, niliwaza Wambura akiuliza hiyo ya nini, nikajiona nasimama kueleza habari za zizi la babu kwa watu wenye raba nyeupe, na nikaona haya.

Hapo ndipo nilipokosea, hapo tu, na si kwingine. Wakati watu wanawapigia Bunda makofi, nilizoa mikanda yote nikaisokomeza kwenye begi moja kubwa, na ufunguo nao nikautia humo humo, kwa sababu ulikuwa umekaa peke yake pembeni na ulikuwa unaharibu mstari (najua, najua). Begi lile lilifanana kabisa na mengine mawili matupu niliyokuwa nimepanga kuyauza.

Ghala letu lilipotokea ukutani watu walishangilia kuliko walivyoshangilia la Bunda. Mama mmoja akapaza sauti, "Hilo ndilo ghala lenye mwanamke!" Nikavimba. Nikaanza kuuza ili tupate risasi za kuingilia, na niliuza vizuri, darubini kwa mzee, vidonge kwa nesi, yule mnene nikampita bila hata kumtazama. Nikaja kwenye mabegi. La kwanza, bei ya kawaida. La pili, bei ikaruka juu. Mtu mwenye akili timamu angesita hapo. Mimi, kwa kuwa wale wafanyabiashara huongeza bei kadiri wanavyokuzoea, nikajua tu mzee sasa amenizoea. Nikabofya "uza", nikawageukia watu nikanyoosha mkono kama mgombea.

"Mnaona? Ukijua kuuza, hata begi tupu linalipa!"

Makofi. Wambura mwenyewe akapiga mluzi. Hata Mafuru alipiga makofi, na hilo huwa halitaji akisimulia.

Magesa akaniinamia taratibu. "Nyangeta, nipe ufunguo niubebe mimi."

Nikafungua begi lililobaki. Tupu. Nikalifunga, nikalifungua tena, maana labda mara ya kwanza halikufunguka vizuri. Ukuta mzima ulikuwa unaonyesha begi tupu, kubwa kama mlango wa kanisa.

Mafuru ndiye aliyeelewa wa kwanza. "Jamani! Ameuza ng'ombe na kamba!"

Kicheko kilichofuata sitakieleza. Walicheka hata wasiojua gemu, maana hilo la kamba kila mtu wa mkoa wa Mara ana babu wa kumweleza. Na mimi badala ya kunyamaza nikavuta maiki ya kichwani karibu na mdomo, nikamwambia yule mzee wa ndevu, picha, picha jamani, "Mzee wangu, shikamoo, kuna begi nimekuuzia kwa bahati mbaya..." Maiki ilikuwa imeunganishwa na spika za banda. Shikamoo yangu ilifika mpaka barabarani. Mzee akakohoa, kama anavyokohoaga kwa kila mtu.

"Dada, msalimie na mama yake," Wambura akasema kwa upole kabisa, "huenda atakurudishia."

Hapo ningesimama nikaenda nyumbani. Lakini kuna soko ambalo wachezaji wanauziana wenyewe kwa wenyewe, nikaingia, nikakuta mtu asiyejulikana anauza ufunguo kama wetu kwa bei ya kukufilisi. Basi nikatufilisi. Niliuza bunduki ya Magesa ("Nitakurudishia," nikamwambia, akaitikia kwa kichwa kama mgonjwa). Niliuza kofia za chuma, viatu, dawa zote, kisha nikaivua fulana ya kuzuia risasi ya Mafuru akiwa ameivaa, na bado haikutosha, nikavua na suruali. Ukutani mtu wake akabaki amesimama na kaptula.

"We Nyangeta! Mimi nasikia baridi!"

"Vumilia."

Na ninasema wazi, kwa sababu hakuna mwingine atakayelisema: katika hali ile, watu wanacheka mpaka wanakaliana, hakuna kitu hata kimoja nilichouza kwa mtu asiyestahili. Kila kidonge kilikwenda kwa nesi. Nikanunua ufunguo.

Tukaingia mjini watu watatu, Magesa, Mafuru na mimi, na ufunguo, visu, na bastola moja ya Magesa. Na kwa kuwa hatukubeba kitu tulikimbia kama swala, tukafika hospitali kabla ya Bunda, Magesa akafungua mlango, sanduku jekundu lile pale, na banda likalipuka, watu wa Makoko waliokuwa wananicheka sasa wanaimba jina langu. Magesa akasema Mafuru abaki mlangoni atazame njia. Mafuru hakubaki. Alitaka kuliona sanduku. Tulipogeuka Bunda walikuwa mlangoni, wote, na bunduki zao zilizopangwa kwa urefu, na haikuchukua muda.

"Asanteni kwa kutufungulia," Wambura akasema. Kisha akapekua maiti zetu akashangaa. "Hawa hata soksi hawana!"

Bunda wakatoka na sanduku, mbuzi akafunguliwa. Mafuru akaja akasimama mbele yangu, mkono kiunoni.

"Kiti."

Magesa akatazama sakafu, na nikajua kwamba nikiinuka sitarudi, maana hakuna anayempa ghala mtu aliyeliachia mbele ya umati. Nikakishika kiti kwa mikono miwili.

"Tulisema tukishindwa kwa sababu ya ghala," nikasema. "Mlango ulifunguka, haukufunguka?"

"Uliuza ufunguo, wewe!"

"Nikanunua mwingine. Mlango ulifunguka, sanduku tulilishika. Nani aliambiwa atazame njia?"

"Msinigeuzie mimi hapa..."

"Nani aliambiwa atazame njia, Mafuru?"

Mama Masatu akaingia na uma wake wa kugeuzia samaki. Akamwangalia Wambura. "Mwanangu, nyie ndio mlikuwa mlangoni. Mlikuta nani?"

Wambura alikuwa anamfunga mbuzi kamba nyingine. Alifikiri kidogo. "Hatukukuta mtu, mama. Yule wa kaptula alikuwa ndani anashangaa sanduku."

Banda likaanguka upya kwa kicheko, safari hii si kwangu. Mafuru akaushusha mkono wake wa kiunoni. Magesa akainua kichwa.

"Nyangeta akae," akasema. "Ila aanze kwa kumtafutia mwenzake suruali."

Basi nilikaa. Ghala lilikuwa jeupe, sina hata risasi, watu wanatoka kwenda kuangalia mbuzi akichinjwa, na mimi nikaanza upya kutoka sifuri. Aibu ninayo mpaka leo; wapo wanaonisalimia "shikamoo mzee wangu" sokoni, na ninaitikia "marahaba" bila kugeuka. Lakini sikuharibu kwa kupenda vitu vipangwe, kama anavyosema Mafuru. Niliharibu kwa kupanga vitu kwa ajili ya macho ya wageni, haraka, kwa haya, na hilo nimeapa sitalirudia hata waje kutoka mbali kuliko Bunda. Watakuta ghala lilivyo. Anayetaka kucheka atacheka amesimama, kwa sababu kiti ni kimoja, na nimekikalia mimi.